Mtendaji mkuu anapokuwa na hofu, aiseme wapi na kwa nani?

Mtendaji_Mgeni:

Ndugu wanajukwaa, salaam. Naomba mawazo ya watu waliowahi kuongoza kampuni, kukaa kwenye bodi au kufanya kazi karibu na wakurugenzi watendaji, kwa kuwa jambo ninaloliuliza sikulikuta katika semina yoyote ya uongozi niliyohudhuria.

Nimekabidhiwa nafasi ya mkurugenzi mtendaji katika kampuni ya usambazaji wa vyakula hapa Dar es Salaam, baada ya miaka mingi ya kufanya kazi upande wa fedha. Maghala yetu yako kandokando ya Barabara ya Nyerere, wateja wetu ni hoteli, shule za bweni na maduka ya jumla ya Kariakoo, na sehemu kubwa ya mzigo tunaouuza hupitia bandarini. Mapato yetu ni ya shilingi, lakini mkopo uliojenga ghala jipya ni wa dola. Waliokuwa kwenye biashara ya kuagiza bidhaa mwaka 2023 na 2024 wanakumbuka jinsi dola zilivyoadimika na shilingi ilivyoshuka. Kampuni ilivuka kipindi kile kwa kula akiba, na akiba ile haijarudi. Sasa mteja wetu mkubwa kuliko wote ametuarifu kwamba mkataba wetu ukiisha atatangaza zabuni upya. Tukimkosa, marejesho ya mkopo yatatuelemea.

Mtangulizi wangu, ambaye ndiye mwanzilishi wa kampuni, alikuwa mtu ambaye hakuna aliyewahi kumsikia akisema kwamba hajui jambo fulani. Wakuu wa idara walizoea kumpelekea habari njema, na mimi nao wananiletea vivyo hivyo: taarifa za kila wiki zinasema mambo yanakwenda vizuri, ilhali vitabu ninavyovisoma mwenyewe usiku vinasema jingine. Nina hofu, na sioni aibu kuiandika hapa. Nahofia kampuni, nahofia ajira za watu ambao wengi wao nilianza nao kazi, na kwa ndani zaidi nahofia kwamba bodi itakuja kuona ilimteua mhasibu mahali palipohitaji kiongozi.

Je, wakuu wa idara niwaeleze ninavyoliona jambo hili, au niendelee kuwaonyesha uso wa utulivu? Mwenyekiti wa bodi nimwambie sasa, au nisubiri mpaka niwe na mpango mkononi? Na wafanyakazi wa ghalani, makarani na madereva, wao wana haki ya kujua kiasi gani? Sitarajii mtu anifundishe kuacha kuogopa. Nataka kujua ni wapi hofu ya mtu mwenye dhamana inapaswa kusemwa, na kwa maneno ya namna gani.

Wakili_wa_Upanga:

Ndugu mleta mada, nimekuwa katibu wa bodi katika kampuni kadhaa, na swali lako nimeliona likitembea vyumbani bila kuulizwa na mtu. Nashukuru umeliuliza.

Naona umeandika juu ya hofu za aina mbili kana kwamba ni moja. Ya kwanza inahusu mambo yaliyo nje yako: dola, mkataba, marejesho. Hiyo ina tarakimu na tarehe, inaweza kuandikwa kwenye daftari la vihatarishi, yaani orodha ya mambo yanayoweza kuidhuru kampuni, ikapewa mtu wa kuifuatilia na ikajadiliwa kama ajenda nyingine yoyote. Ya pili inahusu nafsi yako, yaani wasiwasi kwamba hutoshi na kwamba siku moja watu watagundua. Hiyo nayo si ya kwako peke yako. Wanasaikolojia wawili wa Marekani, Pauline Clance na Suzanne Imes, waliieleza mwaka 1978 baada ya kuzungumza na wanawake wengi waliofanikiwa sana katika taaluma zao huku wakiamini wanawadanganya watu wote. Hatari huanza pale hofu ya pili inapomzuia mtu kuitaja ya kwanza. Mkurugenzi anayeogopa kuonekana mhasibu tu anaweza kuinyamazia tarakimu ambayo ni mhasibu tu angeweza kuiona mapema.

Kuhusu mwenyekiti, maoni yangu hayana utata: mwambie sasa, kabla ya mpango. Sheria ya Makampuni ya mwaka 2002 inawadai wakurugenzi wote, si wewe peke yako, watende kwa nia njema na kwa maslahi ya kampuni, na watazame pia maslahi ya wafanyakazi wake. Hawawezi kutimiza wajibu huo juu ya jambo walilofichwa. Isitoshe, katika vikao nilivyoandika mihtasari yake sijaona mwenyekiti aliyemkasirikia mtendaji kwa sababu ya habari mbaya kama anavyomkasirikia kwa sababu ya habari iliyochelewa. Akisikia kwa meneja wa benki wakati wa chakula cha mchana pale Posta, imani imekwenda, na mpango wako hata ukiwa mzuri kiasi gani utasomwa kwa jicho la mashaka.

Namna ya kusema ni muhimu kuliko wengi wanavyodhani. Usiende kumwambia "nina hofu" ukaishia hapo, kwa maana utakuwa umemkabidhi mzigo usio na mpini. Mwambie: mambo mawili yananinyima usingizi, ni haya, ninachokijua ni hiki, ambacho sijakijua bado ni hiki, tarehe fulani nitakuwa nimekijua, na kabla ya tarehe hiyo naomba ushauri wako juu ya jambo hili moja. Hapo hofu imesemwa bila kufichwa hata chembe, na mwenyekiti ana cha kufanya nayo.

Sasa wakuu wa idara, ambao ndio hasa ninaotaka kuzungumzia. Umesema taarifa zao zote ni njema. Alan Mulally alipotoka Boeing kwenda kuiongoza kampuni ya magari ya Ford, Septemba 2006, alikuta hali hiyo hiyo kwa kiwango kikubwa zaidi. Alianzisha kikao cha kila Alhamisi ambacho kila mkuu alipaswa kuonyesha kazi zake kwa rangi: kijani kwa kinachokwenda vizuri, njano kwa chenye mashaka, nyekundu kwa kilichokwama. Chati zilikuja kijani tupu, katika mwaka ambao kampuni iliishia kupata hasara ya zaidi ya dola bilioni 12. Mulally akawauliza wakubwa wale kama kweli hakuna hata jambo moja lisilokwenda sawa. Baadaye Mark Fields, aliyekuwa mkuu wa kanda ya Amerika, akaleta chati nyekundu juu ya gari jipya lililokuwa limesimamishwa kwa sababu ya hitilafu ya mlango wa nyuma. Chumba kikanyamaza, kwa kuwa kila mtu aliamini kwamba mwenzao amekwisha. Mulally akapiga makofi, akauliza nani anaweza kumsaidia, na waliokuwapo wakaanza kutoa majibu. Wiki zilizofuata rangi nyekundu na njano zikajaa kwenye chati.

Simulizi hii huelezwa mara nyingi kwa sababu ya yale makofi, lakini mimi huitazama kwa upande mwingine. Wale wakuu hawakuwa waongo. Walikuwa watu wazima waliojifunza, kwa miaka mingi chini ya wakubwa waliotangulia, kwamba anayekiri tatizo huondoka nalo. Wakuu wako wa idara wamejifunza hayo hayo kwa mwanzilishi wenu, na hawataacha kwa sababu umewaambia wawe wazi. Wataacha watakapoona mtu wa kwanza amesema ukweli mbele yako na hajadhurika. Afadhali mtu huyo wa kwanza uwe wewe. Fungua kikao kijacho kwa kuweka nyekundu yako mwenyewe mezani, ile ya mkopo wa dola, kisha uliza swali na unyamaze hata kama kimya kitakuwa kirefu.

Mzee_wa_Benki:

Mwanangu mleta mada, na wewe Wakili, nimewasoma wote wawili kwa makini. Mimi nimestaafu baada ya kutumikia benki kwa sehemu kubwa ya maisha yangu, kwa hiyo nachukulieni kama mtu aliyezoea taasisi ambayo neno moja tu linaweza kuiangusha.

Wahenga walisema kwa mwoga huenda kicheko, kwa shujaa huenda kilio. Wazee wetu hawakuidharau hofu. Waliiona kuwa ni akili inayomrudisha mtu nyumbani akiwa mzima. Kwa hiyo naungana na Wakili kwamba mwenyekiti aambiwe, na aambiwe leo. Tofauti yangu ni juu ya wakuu wa idara. Mkubwa wa kampuni ya Marekani akisikia bosi wake ana wasiwasi, anaweza kurudi nyumbani akapitia nafasi nyingine za kazi. Mkuu wako wa ghala anasomesha watoto wake na wa marehemu kaka yake, anajenga Chanika kidogo kidogo, na ana mkopo wake mwenyewe unaokatwa kwenye mshahara. Ukimwambia una hofu, yeye hasikii dola, anasikia ada ya Januari. Wapo watakaoanza kutafuta mlango kabla hujamaliza sentensi, na watakaotangulia kutoka ni wale wazuri unaowahitaji.

Halafu kuna wauzaji na wadai. Januari 2018 Benki Kuu ilifuta leseni za benki tano ndogo kwa upungufu wa mtaji, na kwa miezi kadhaa baada ya hapo mwenye amana katika benki nyingine yoyote ndogo aliuliza maswali ambayo hakuwahi kuyauliza. Kampuni ya vyakula si benki, lakini ikivuma Kariakoo kwamba mmetetereka, anayekupa mzigo kwa mali kauli atataka fedha taslimu, na hapo tatizo ambalo lilikuwa la mwakani linakuwa la mwezi huu. Ndiyo maana kampuni zilizoorodheshwa kwenye Soko la Hisa la Dar es Salaam zina kanuni za taarifa zipi zitolewe, lini, na kwa njia gani. Kanuni zile ziliandikwa na watu waliokwisha kuona madhara ya taarifa nyeti kuvujia kwa wachache.

Hata hivyo sitaki unielewe kwamba ninatetea uso wa jiwe. Kiongozi niliyemwona akiubeba udhaifu wake vizuri kuliko wote ni Mwalimu Nyerere katika maasi ya Januari 1964. Askari wa kambi ya Colito, ambayo leo ni Lugalo, waliasi usiku wa kuamkia tarehe 20, na Rais wa nchi akalazimika kufichwa kwa muda huku Oscar Kambona akizungumza na waasi. Tarehe 25 wanajeshi wa Uingereza wakashuka kuuzima uasi ule, kwa ombi la serikali iliyokuwa imejipatia uhuru kutoka kwa Waingereza hao hao miaka michache tu kabla. Hebu fikirini uzito wa kuomba msaada wa namna ile. Mwalimu hakujifanya kwamba ni jambo dogo. Alisema wazi kuwa ni fedheha kwa taifa. Februari akaitisha hapa Dar es Salaam mkutano wa mawaziri wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika, akawaeleza yaliyotokea, na wanajeshi wa Nigeria wakaja kuchukua nafasi ya Waingereza. Septemba mosi mwaka huo huo likaundwa jeshi jipya, Jeshi la Wananchi.

Tazama mpangilio wake. Alikiri fedheha hadharani pale alipokuwa tayari amechukua hatua ya kwanza na akiwa anajua ya pili. Usiku ule wa maasi hakusimama redioni kueleza moyo wake ulivyokuwa ukidunda. Ninachokushauri, mwanangu, ni kuwa na watu wawili au watatu wa kuwaeleza kila kitu, mwenyekiti akiwa mmojawapo na mkuu wako wa fedha wa pili, na wengine uwaeleze ukiwa na hatua ya kuwaonyesha.

Afisa_Rasilimali_Watu:

Shikamoo mzee. Naheshimu ulichosema juu ya ada ya Januari, kwa kuwa ndiyo hali halisi ya watu ninaowahudumia kila siku, na wengi wanaoandika juu ya uongozi huisahau. Lakini naomba kutofautiana nawe katika jambo moja: unachukulia kwamba wafanyakazi hawajui.

Kwa uzoefu wangu wanajua, tena mapema kuliko wakuu wa idara. Dereva anayepeleka mzigo hotelini anasikia jikoni kwamba kuna zabuni. Karani wa ankara anaona malipo ya wauzaji yanavyosogezwa mbele. Mlinzi anaona gari la mkurugenzi likiondoka saa nne usiku. Wanachokosa ni maelezo, na mahali pasipo na maelezo makundi ya WhatsApp huyatunga. Nimewahi kufanya kazi mahali ambapo uongozi ulinyamaza kwa nia njema kabisa, ili usiwatie watu hofu, na kwa sababu hiyo hiyo watu walioondoka walikuwa wale wale wazuri ambao mzee anataka wabaki. Waliondoka kwa uvumi ambao ulikuwa mbaya kuliko ukweli.

Upo utafiti ninaoupenda juu ya kampuni ya simu ya Nokia, uliofanywa na Timo Vuori na Quy Huy na kuchapishwa mwaka 2016. Waliwahoji viongozi wa juu, mameneja wa kati na wahandisi ili kuelewa namna kampuni iliyokuwa ikiongoza dunia ilivyoshindwa katika simu janja, hadi biashara yake ya simu ikauzwa kwa Microsoft. Walikuta hofu kwenye ngazi zote mbili, kila moja ikiwa na sura yake. Viongozi wa juu waliwaogopa washindani na wanahisa, lakini hawakuwaonyesha walio chini yao ukubwa wa tishio; waliwasukuma tu watoe bidhaa haraka. Mameneja wa kati waliwaogopa wakubwa wao, hivyo walitoa ahadi zisizotekelezeka na kuficha ubovu wa programu. Kila upande ulimlinda mwenzake dhidi ya ukweli, na maamuzi yakafanywa kwa taarifa zisizo za kweli.

Ndugu mleta mada, taarifa zako za kila wiki ni hizo hizo. Na hapa kuna jambo ambalo kiongozi mgeni hulisoma kinyume. Amy Edmondson wa Chuo Kikuu cha Harvard alipochunguza vitengo vya wauguzi hospitalini katika miaka ya 1990, alitarajia kwamba timu zinazofanya kazi vizuri zingekuwa na makosa machache ya dawa. Takwimu zilionyesha zina makosa mengi zaidi. Alipochunguza kwa undani akaona kwamba katika timu zile watu waliyataja makosa, na katika timu nyingine waliyafukia. Kwa hiyo habari mbaya zikianza kukufikia kwa wingi mwezi ujao, usidhani kampuni imeharibika mikononi mwako. Huenda ndiyo mara ya kwanza unaiona.

Juu ya wafanyakazi wa chini, liko jambo ambalo sheria imekwisha kukuamulia. Kifungu cha 38 cha Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 kinamtaka mwajiri anayefikiria kupunguza wafanyakazi kwa sababu za kiuendeshaji atoe taarifa ya kusudio hilo mara anapolifikiria, atoe taarifa zote zinazohusika, na ashauriane nao au chama chao kabla ya kutekeleza. Ikiwa wazo hilo limekwisha kupita kichwani mwako hata mara moja unapovisoma vitabu usiku, zungumza na mwanasheria sasa, kwa sababu kunyamaza hapo kunaacha kuwa suala la busara na kunakuwa suala la sheria. Kama halijakupitia, basi liseme hilo mbele yao waziwazi, na useme pia ni kitu gani kingeweza kulibadilisha. Usiahidi kwamba hakuna atakayepoteza kazi. Watu huweza kumsamehe kiongozi aliyewaambia hajui, lakini ahadi ya namna hiyo ikivunjika, hata tangazo la ongezeko la mshahara hawataliamini.

Nakubaliana na mzee juu ya mpangilio. Anza kwa mwenyekiti, kisha wakuu wa idara wote kwa siku moja na kwa maneno yale yale, kisha wafanyakazi ndani ya siku chache baada ya hapo. Ukiwaambia wakuu wawili ukawaacha wanne, siri hiyo haitafika Ijumaa.

Mtendaji_Mgeni:

Mzee wa Benki, shikamoo. Dada Wakili na ndugu Afisa, nawashukuru sana. Nimemwomba mwenyekiti nafasi ya kuonana naye ana kwa ana, na nimeandika karatasi kwa mpangilio aliouelekeza Wakili. Kuandika safu ya nisiyoyajua kulikuwa kugumu kuliko kuandika ninayoyajua, na nimeona kwamba mengi kati ya hayo nisiyoyajua yanaweza kujulikana kwa simu moja.

Naomba niongeze swali. Usingizi umepungua, na nyumbani nimekuwa mkimya kiasi kwamba mke wangu ananiuliza kama nina ugonjwa ninaomficha. Mtu akiwa mtendaji mkuu, jambo la namna hii la mwili na akili ni lake binafsi, au nalo ni la bodi?

Mnasihi_Mikocheni:

Ndugu yangu, mimi ni mnasihi, na nimewasikiliza viongozi wengi katika hali yako. Kwa mke wako usimalize siku nyingine bila kusema. Hahitaji tarakimu, anahitaji kujua kwamba ukimya huo hautokani naye wala hautokani na maradhi. Kisha mwone daktari kuhusu usingizi, kwa sababu mtu asiyelala hufanya maamuzi mabaya huku akiamini kwamba anafikiri sawasawa.

Swali lako la bodi lina mfano unaojulikana. António Horta-Osório, Mreno aliyeanza kuiongoza benki ya Lloyds ya Uingereza mwaka 2011, alifikia hatua ya kushindwa kabisa kulala, na Novemba mwaka huo akaenda mapumziko ya matibabu. Ilitangazwa, bei ya hisa ikashuka, na magazeti yakaandika kana kwamba amekwisha. Bodi ikajiridhisha juu ya afya yake, akarudi Januari 2012, akaiongoza benki hiyo mpaka mwaka 2021, na alipata kuzungumza hadharani juu ya afya ya akili ya wafanyakazi wake. Karibu zaidi na sisi, Bob Collymore wa Safaricom alikwenda Uingereza kutibiwa mwishoni mwa 2017, kampuni ikatangaza likizo yake na nani watashika majukumu, akarejea kazini mwaka 2018 na kueleza wazi kwamba alikuwa na saratani ya damu. Alifariki Julai 2019 akiwa bado mtendaji mkuu, na Wakenya wengi walimlilia kama mtu waliyemfahamu.

Hofu yenyewe ni yako, na una haki ya kuchagua wa kumweleza. Uwezo wako wa kufanya kazi ni jambo la bodi. Ukifika mahali huwezi kusoma taarifa ukaielewa, au unaahirisha maamuzi kwa sababu huwezi kuyabeba, mwenyekiti anapaswa kujua, na anapaswa kujua pia nani atashika nafasi kwa muda. Kabla ya kufika hapo, tafuta watendaji wenzako. Hapa mjini lipo jukwaa la watendaji wakuu wa Tanzania, na ipo taasisi ya wakurugenzi. Faida yake kubwa kuliko mikutano ni kumpata mtu mmoja mwenye cheo kama chako, asiyekuwa mshindani wako, ambaye mnaweza kukutana kwa chai na ukamwambia jambo ambalo huwezi kumwambia unayemlipa mshahara wala anayekulipa wewe.

Wakili_wa_Upanga:

Naongeza moja tu kwa aliyosema Mnasihi, na nalisema kama mwanamke. Mwanamke mwenzangu mwenye cheo kama chako akiyasema haya uliyoyasema, mara nyingi huambiwa kwamba nafasi imemzidi, wakati mwanamume huambiwa ni mtu wa tahadhari. Ukifanikiwa kujenga kikao ambacho nyekundu inaweza kusemwa, angalia ni nani anayeisema bila kuadhibiwa na ni nani bado ananyamaza. Huenda mkuu wa idara anayejua zaidi juu ya mteja wenu mkubwa ni mama ambaye amejifunza kwamba wasiwasi wake hauhesabiwi.

Mzee_wa_Benki:

Marahaba, mwanangu. Afisa ameninyoosha kwa adabu juu ya uvumi, na nakubali kwamba dereva anajua kabla ya meneja.

Nimalizie kwa upande ninaoujua. Baada ya mwenyekiti, nenda benki iliyowakopesha kabla hamjachelewa hata rejesho moja. Wakopaji wengi hukimbia simu za benki kwa aibu, na aibu hiyo ndiyo inayowagharimu. Mkopo ukipitisha siku 90 bila kulipwa huingia kwenye hesabu ya mikopo chechefu, benki inalazimika kuutengea fungu la kufidia hasara, na afisa aliyekuwa rafiki yako hana tena mamlaka ya kukusaidia kwa sababu faili limehamia idara nyingine. Ukienda mapema, yapo mambo ya kuzungumza: kurefusha muda, kusogeza marejesho ya mtaji, yaani deni lenyewe, kwa kipindi fulani huku mkilipa riba tu, au kuhamisha sehemu ya deni kutoka dola kwenda shilingi ili lifanane na mapato yenu. Riba ya shilingi itakuwa juu zaidi, kwa hiyo pigeni hesabu ya njia zote mbili kabla ya kuomba.

Peleka makisio ya mtiririko wa fedha ya hali mbili, mkimpata mteja yule na mkimkosa. Usipeleke ya hali njema pekee. Afisa mikopo mzoefu akiona karatasi isiyokuwa na ubaya wowote huanza kuutafuta mwenyewe, na hukadiria mkubwa kuliko uliopo. Na nenda na mkuu wako wa fedha, ayasikie maswali ya benki kwa masikio yake.